Kama Lilivyolala Ardhini

Katika jengo la kamusi mjini Zagreb, orofa ya tatu, chumba cha herufi P kilikuwa na droo mia moja na arobaini. Perina Bokanić alizijua zote kama mama anavyojua sufuria zake. Lakini katika maelfu ya kadi zilizomo, moja tu ndiyo iliyokuwa ikimkosesha raha tangu Krismasi. Iliandikwa kwa wino mwaka 1909. Mhandisi mmoja, aliyetumwa kupima miamba ya visiwani, alieleza katika ripoti yake kwamba mawe ya chokaa ya kisiwa fulani "yamelala poležice juu ya udongo mgumu." Basi, hakuna zaidi. Neno moja, shahidi mmoja, na shahidi mwenyewe keshakufa.

Maana yake ni hii: tabaka limekaa juu ya tabaka jingine jinsi lilivyotua tangu mwanzo, tumbo chini na mgongo juu, bila kupinduliwa wala kusukumwa. Sisi tuna kifudifudi, tuna chali, tuna kiubavu, na mshazari pia tunao. Lakini neno moja la kusema "kama lilivyolala lenyewe" hatuna, na anayewaonea wivu wenye nalo asilaumiwe.

"Linaondoka," alisema Profesa Grlić, mkuu wa kamusi, akiishika ile kadi kwa ncha za vidole. "Neno la shahidi mmoja ni uvumi."

"Baba yangu alikuwa akilisema kila siku, Profesa. Akila analisema, akigomba analisema."

"Baba yako ni nani?"

"Mvunja mawe."

"Yuko wapi nimsikilize?"

"Amefariki. Mwaka wa pili sasa."

"Pole. Lakini wewe ni mhariri, na mhariri hawi shahidi wa neno lake mwenyewe. Nikikuruhusu wewe, kesho yule wa herufi S ataniletea matusi ya bibi yake." Profesa aliirudisha kadi mezani. "Nipatie mtu mmoja aliye hai, alitamke akiwa kazini kwake, bila kuulizwa. Ukimuuliza umemlisha neno, na mimi kadi ya kulishwa siipokei. Juzuu linakwenda kiwanda cha uchapaji Jumanne baada ya Pasaka."

Perina alichukua likizo ya siku kumi akafunga mkoba.

Tuseme kweli, halikuwa jambo la kamusi tu. Perina alikuwa na miaka arobaini. Alipoondoka kisiwani akiwa na kumi na tisa kwenda kusoma, baba yake, Šimun, hakumbariki wala hakumlaani. Alisema tu, "Jiwe likishatoka machimboni halirudi," akageukia kazi yake. Tangu siku hiyo hakumwambia neno laini hata moja. Perina alirudi mara nne kwa miaka kumi na tisa, na mara zote nne waligombana kabla supu haijapoa. Šimun alipofariki, mwezi Januari, upepo wa bura ulizifunga meli bandarini Split siku mbili nzima. Perina alipofika, kaburi lilikuwa limekwisha kufunikwa, na wanawake walikuwa wanaosha masahani. Asiyekuwepo na lake halipo. Alijiona hana urithi wowote kwa baba yake isipokuwa neno hilo alilokuwa akilisikia toka utotoni, na sasa nalo lilikuwa likitaka kufutwa.

Alifika Podglava, kijiji chao kisiwani, siku ya Alhamisi, mama yake akiwa mlangoni na unga mikononi.

"Umekonda," alisema Mande.

"Nimenenepa kilo nne, Mama."

"Basi umenenepa vibaya. Ingia ule."

Ijumaa asubuhi alipanda machimboni. Huko kuna desturi ambayo kila mtoto wa Podglava anaijua kabla hajajua sala. Jiwe halitolewi kwenye mwamba mpaka mvunjaji alipake alama nyekundu kwenye uso wake wa juu. Kila nyumba ina alama yake. Ya akina Bokanić ni mistari mitatu kama mguu wa kuku. Jiwe litakwenda popote litakakokwenda, liwe ngazi, kizingiti au bamba la kaburi, lakini mwashi haliweki mpaka ameiona alama, ili lilale nyumbani kama lilivyolala mlimani. Wanasema jiwe lililopinduliwa hunywa maji. Ukiwauliza wataalamu wa miji watatabasamu, lakini watu wa Podglava hawajawahi kuwauliza.

Ami Bartul alikuwa amekaa juu ya mwamba, tindo mkononi. Alikuwa na miaka sabini na yeye ndiye mzee wa kazi, na alikuwa rafiki wa baba yake tangu wakiwa wadogo. Mwaka mwamba ulipoporomoka, Bartul ndiye aliyembeba Šimun mgongoni kutoka shimoni mpaka kijijini, mguu wa Šimun ukining'inia kama soksi. Perina alitegemea kupokelewa kwa vicheko. Bartul alipomwona, alishusha macho kwenye tindo.

"Aa, binti Šimun. Umekuja."

"Nimekuja kuwasalimu, ami. Endelea na kazi, mimi nakutazama tu."

"Unatazama nini?"

"Mawe, ami."

"Mawe ni mawe," alisema Bartul, akaanza kugonga kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.

Saa nzima ilipita hivyo. Hatimaye vijana wa ushirika wa machimbo walileta jiwe la ngazi kwa winchi, wakamwita awaelekeze. Perina alisogea karibu. Hapa ndipo neno linapokaa, hapa hasa; baba yake angelipiga kelele hadi ng'ambo ya bonde. Bartul alinyanyua mkono, akafungua kinywa.

"Liwekeni po..." alianza, akamtupia Perina jicho, akakohoa. "Liwekeni pole pole. Vizuri. Kwa namna ile."

"Namna ipi, mzee?" aliuliza kijana wa winchi.

"Namna ile ya siku zote, punda wewe! Mimi nikufundishe leo?"

Jumamosi Perina alijaribu kwa wanawake. Walikuwa uani kwa jirani yao Jerka, wakifunga vifurushi vya matawi ya mzeituni kwa ajili ya Jumapili ya Matawi. Jerka alikuwa akisimulia juu ya kizingiti chake kipya, ulimi ukiwa umeshika kasi.

"Nikamwambia yule fundi, mwanangu, hapa kwangu huweki jiwe ovyo ovyo, hapa kwangu jiwe linawekwa..."

Alinyamaza ghafla. Wanawake wote waliinamia matawi kana kwamba mtu amekufa. Mande alimkanyaga Jerka mguu chini ya benchi, na Perina aliona.

"Linawekwaje, shangazi?" alishindwa kujizuia.

"Linawekwa chini," alisema Jerka. "Ungetaka liwekwe wapi, juu ya paa?"

Wakacheka kupita kiasi. Perina naye alicheka. Alijiambia kwamba neno limekufa, na hawa wanaona haya kulitamka mbele ya mtu wa mjini, kama mtu anavyoficha kiraka kwa mgeni. Alifikiria ile droo ya Zagreb na kadi iliyo peke yake. Alimfikiria baba yake, akamkasirikia tena, safari hii kwa kufa na neno lake.

Jumapili ilinyesha alfajiri mpaka misa ya kwanza, kisha jua likawaka kwa hasira. Baada ya misa ya pili kijiji kizima kilikwenda makaburini kuweka matawi, kama kila mwaka. Pale kila mtu analala chini ya jiwe lake mwenyewe. Mwanaume wa Podglava huchonga bamba lake akiwa bado na nguvu, akaliweka uani kwake miaka nenda rudi. Watu hulikalia wakimenya maharage, paka wakaota jua juu yake. Šimun alikuwa na lake nyuma ya nyumba, chini ya mtini.

Ilikuwa karibu saa sita. Mabamba yote yalikuwa makavu, meupe, yakiumiza macho. La Šimun lilikuwa limelowa.

Perina alisimama na tawi mkononi. Aliyatazama ya kushoto, akayatazama ya kulia. Alipiga magoti akaweka kiganja. Jiwe lilikuwa na ubaridi wa kisima, na kwenye kingo lilikuwa limeanza kuota kijani. Lilikuwa limeandikwa BOKANIĆ 1969 kwa herufi za ushirika, nyembamba na za haraka. Alama ya mguu wa kuku haikuwepo popote. Mtoto wa mvunja mawe hahitaji kuambiwa mara mbili.

"Mama," alisema taratibu. "Baba wamempindua."

Mande hakumtazama. Alikuwa akipanga tawi lake, akilipangua, akilipanga tena.

"Twende nyumbani," alisema.

Jikoni, Mande aliweka mezani viazi na mboga za majani, akamimina mafuta ya zeituni, akakaa. Hakula.

"Bartul ndiye aliyesimamia," alisema. "Siku ile bura ilikuwa inapeperusha watu. Walikuja uani na winchi ya ushirika, jiwe limelala chini ya mtini kama lilivyokuwa. Bartul analia, macho hayaoni. Akasema lichukuliwe kama lilivyolala. Wakalifunga mikanda, wakalinyanyua, wakalipeleka, wakalilaza vile vile. Walifuata desturi sawasawa, mwanangu. Ila walifuata lilivyolala uani, si lilivyolala mlimani. Sijui nani alikuwa ameligeuza uani, wala kwa nini."

"Na alama? Bartul hakutafuta alama?"

"Miaka hamsini hajaweka jiwe bila kutafuta alama. Siku moja tu. Kwa rafiki yake." Mande alifuta meza pasipokuwa na kitu cha kufuta. "Mvua ya kwanza ilipokuja tuliona wote. Naye aliona. Hakusema, na sisi hatukusema. Ungesemaje? Mtu aliyembeba mume wako mgongoni, umwambie umemlaza mwenzako kichwa chini miguu juu? Tangu hapo lile neno halitamkwi mbele yake. Sasa wewe umekuja, unazunguka na macho hayo, unauliza jiwe linawekwaje, linawekwaje! Kijiji kizima kinajua umekuja kumwaibisha. Jana hakula. Mkewe kaniambia."

Perina aliweka uma chini. Kumbe neno halikuwa limekufa. Lilikuwa limefichwa katika kila kinywa, watu mia mbili wakilibana na meno ili mzee mmoja asione haya. Alipokuwa akidhani wanamnyima, walikuwa wanampa mtu mwingine. Aliwapenda wakati ule, wote kwa pamoja, na Jerka na mguu wake uliokanyagwa, kiasi kwamba macho yalimjaa maji.

"Mama, sikuja kwa hilo. Nilikuja kwa ajili ya kadi."

"Kadi gani?"

Akaeleza. Mande alisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo umetoka Zagreb, umepanda treni na meli, uje usikie mtu akisema poležice?"

"Ndiyo. Na wewe huhesabiki, Mama, nimekwisha kukueleza jambo lenyewe."

"Wana wazimu hao watu wako," alisema Mande, akaanza kula.

Jambo la kufanya lilikuwa wazi, na liliikata kadi vipande. Angemwendea Bartul, angesema yote, na baada ya hapo yeyote atakayelitamka neno angekuwa ameshalishwa. Profesa Grlić alikuwa mtu wa haki, na Perina hakuwa mwongo. Alikaa nalo muda wa kunywa kikombe kimoja cha kahawa. Kisha akavaa koti.

Bartul alimfungulia mwenyewe. Alikuwa amevaa shati la misa, limefungwa vifungo mpaka shingoni, kama mtu anayengojea polisi.

"Sema, binti Šimun," alisema kabla hajamkaribisha. "Sema tumalize. Miaka miwili nangoja mtu aseme."

"Ami, nimekuja kukuomba umgeuze baba."

Mzee alishika mwimo wa mlango.

"Sikutazama alama," alisema. "Mimi, Bartul! Kijana angefanya hivyo ningemfukuza machimboni. Napita njia ya nyuma nisione kaburi lake. Mvua ikinyesha nafunga madirisha."

"Mtoto ndiye husimama akaitafuta alama kabla jiwe halijashushwa. Ndiyo desturi, ami, au nimesahau? Aliyetakiwa kutazama ni mimi, na sikuwepo. Wewe ulikuwepo. Ulimzika kwenye bura, ukilia. Nimekuja kukushukuru kwanza, halafu kukuomba."

Bartul alilia pale pale mlangoni, bila kujificha, na mkewe akaja na kitambaa, akamfuta usoni kama mtoto huku akimgombeza. "Si nilikuambia? Si nilikuambia atakuja kwa wema? Mficha uchi hazai, wewe mzee!" Kisha akawakalisha wote wawili mbele ya tini kavu na dagaa wa chumvi, maana watu waliokwisha kulia hawaachwi na tumbo tupu.

Jumanne asubuhi walikuja wanaume sita. Bartul aliikataa winchi. Walikuja na mitaimbo, kamba, na magogo mafupi ya kuviringishia, kazi ya mikono kama zamani. Habari ilikuwa imetambaa, na watu walikuwa wamejaa ukutani mwa makaburi, kila mmoja na kisingizio chake: huyu amekuja kumwagilia maua, yule anamtafuta mbuzi.

Walilinyanyua upande mmoja, wakaingiza magogo, wakalitoa juu ya kaburi mpaka kwenye nyasi. Kisha walilisimamisha kwa ubavu. Perina alikuwa nyuma yao akishika ncha ya kamba, hana kalamu wala kadi, hajali neno lolote duniani ila mgongo wa Bartul usije ukavunjika. Bamba lilipofika wima, likayumba. Kijana mmoja aliteleza. Na Bartul, ambaye miaka miwili alikuwa amelimeza, alinguruma kwa sauti ambayo ng'ambo ya bonde waliisikia:

"Poležice, wanangu! Poležiceee! Mwacheni alale kama alivyolala!"

"Poležice!" waliitikia wote sita, mabega yakiingia chini ya jiwe, na ukutani Jerka aliitikia pia, na wenye maua, na mwenye mbuzi, kama watu wanaoitikia amina. Jiwe lilishuka polepole juu ya magogo, tumbo chini, mgongo juu.

Bartul, aliyekuwa karibu zaidi, alikuwa ameinama, anafuta udongo kwa kiganja, halafu kwa mkono wa shati. Pembeni kabisa palikuwa na mguu wa kuku, wekundu wake umefifia. Lakini katikati palikuwa na herufi. Hazikuwa za ushirika. Zilikuwa nene, zimechimbwa kwa kina, na zimepotoka kidogo upande wa kulia, kama mkono wa Šimun ulivyokuwa ukipotoka tangu mwamba ulipomvunja mguu na mkono.

ŠIMUN 1901 –
MANDE 1906 –
PERINA 1931 –

Chini ya jina la tatu hapakuwa na kitu. Maandishi yalikuwa yameishia hapo.

Podglava binti haandikwi kwenye jiwe la baba yake. Binti huolewa, huzikwa kwa mumewe. Asipoolewa huzikwa tu, bila maandishi. Hakuna aliyewahi kuona jambo lile. Hata yule mwenye mbuzi alivua kofia.

"Mwehu huyu," alisema Bartul kwa sauti iliyokatika. "Šimun, we mwehu! Ameligeuza mwenyewe uani, ili tusione anachochonga! Kalilaza kifudifudi akijua atatuambia siku yake ikifika, na siku ikamwahi. Peke yake, jamani? Na mguu ule, na miaka sitini na saba?"

"Mtaimbo na vipande viwili vya mti," alisema mmoja wa wale sita kwa heshima. "Ukijua, unaweza."

Mande alikuwa amekaribia. Alisoma polepole, midomo ikicheza, kwa kuwa alijifunza kusoma ukubwani.

"Ile vuli ya mwisho," alisema. "Kila alasiri ananifukuza niende kwa dada yangu. Nenda, Mande, nenda kamsalimie. Nikirudi namkuta amechoka, macho mekundu, jasho limemtoka. Nikajua anakunywa." Aliziba mdomo. "Nilimgombeza kwa ulevi! Miezi mitatu nilimgombeza, na yeye ananyamaza, anakubali!"

Kicheko kilianzia kwa Jerka kikaenea, cha watu wanaolia, na Mande mwenyewe alicheka mpaka akashika kiuno. Perina hakucheka. Alikuwa amepiga magoti, kidole chake kiko ndani ya herufi ya kwanza ya jina lake, anaifuata ilivyochimbwa. Alihesabu. Herufi sita, kila moja na kina cha kucha. Baba yake alikuwa akitumia alasiri nzima kwa herufi moja ya namna hiyo hata alipokuwa mzima. Alikuwa amekaa na jina lake siku sita na zaidi, mgonjwa, kwa siri, bila kujua kama binti atarudi. Šimun hakuwa na neno laini kinywani. Alilokuwa nalo aliligonga kwenye jiwe.

"Asante, baba," alisema, kwa sauti, mbele ya watu wote.

Kabla hawajalirudisha jiwe mahali pake, Bartul aliomba ruhusa. Alitoa tindo mfukoni, akapiga magoti, akachonga 1969 baada ya kistari cha jina la rafiki yake, bila kupumzika, bila kumruhusu mtu amsaidie. Mtu aliuliza yale maandishi ya ushirika yafanywe nini, maana sasa yatabaki chini.

"Yaacheni," alisema Bartul. "Atayasoma yeye huko, ajue tulivyohangaika."

Alasiri hiyo, Perina alikaa mezani kwa mama yake na kadi nyeupe mbele yake. Aliwaza sana juu ya haki. Je, Bartul alilishwa? Alipokuwa kwa mzee, Perina alitaja kugeuza tu. Neno lenyewe, wala kamusi, hakuvitaja. Mama yake, alipoulizwa, aliapa kwa mafuta ya zeituni kwamba hakumwambia mtu habari ya kadi, kwa sababu alikuwa anaona haya kwamba binti yake analipwa mshahara kwa kazi ya namna hiyo. Basi mzee alikuwa amelitamka akiwa kazini, bila kuulizwa, kwa sababu jiwe lilikuwa linaanguka. Perina aliandika: *Bartul, mvunja mawe, miaka sabini, Podglava, akigeuza bamba la kaburi.* Akaandika maneno yake kama yalivyokuwa.

Nyuma yake Mande alikuwa anajinyoosha juu ya benchi kwa usingizi wa mchana, mikono kifuani, viatu ameviacha sakafuni.

"Uh," alisema, amefumba macho. "Leo, baada ya miaka miwili, nitalala poležice."

Perina aligeuka.

"Mama! Na watu mnawasemea hivyo?"

"Watu ndio tunaowasemea zaidi. Mtu aliyetulia, aliyefika mahali pake, asiyesukumwa na kitu. Hukujua?" Alifumbua jicho moja. "Bibi yako alikuwa akisema watoto wa kulala poležice ni wale walioshiba. Wewe hukulala hivyo hata siku moja, ndiyo maana hukuwahi kusikia."

Perina alichukua kadi nyingine. Maana ya pili, akaandika, na chini yake, ingawa shahidi huyu hahesabiki, akaandika jina la mama yake pia. Profesa Grlić akitaka angelifuta mwenyewe.

Jumatano ilinyesha asubuhi, mvua nzito. Ilipokatika, Perina alikwenda makaburini na kumkuta mama yake yuko hapo tayari, akidai amekuja kuangalia tawi la mzeituni halijapeperuka. Haukupita muda Bartul naye akatokea, kwa njia ya mbele, kofia mkononi, akidai anapita tu. Walisimama watatu wakiyatazama mawe. Jua lilipanda. Mabamba yalianza kukauka kuanzia kingoni, weupe ukila rangi ya kijivu, na lile la Šimun halikubaki nyuma. Maji yalikaa kidogo ndani ya herufi, katika R na katika A, halafu nayo yakaondoka.

Bartul aliweka kiganja.

"Kavu," alisema.

"Asante, ami."

"Usinishukuru. Nimemweka miaka miwili uso chini."

"Miwili, ami. Mimi nilimngojesha kumi na tisa."

Mzee alimtazama. Alilitazama jina la tatu, na kile kistari chake kinachongoja mwaka.

"Na wewe siku ukija kulala hapa," alisema, "mimi sitakuwepo. Hawa sita nao watakuwa wazee. Watakuja vijana na winchi yao, hawajui alama wala nini. Nani atawaambia wakulaze vipi?"

Perina aligusa mfuko wa koti, mahali kadi zilipokuwa.

"Nimeliandika, ami."

"Umeliandika vizuri? Mtu akilisoma atajua upande gani ni juu?"

Alizitoa, akamsomea zote mbili pale pale, kuanzia neno lenyewe mpaka jina la mwisho. Bartul alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa, na aliposikia jina lake alivuta kofia akaivaa.

"Ndivyo," alisema. "Basi nenda wakalichape."